Siku Kombe Walipochanganya Magamba

Sogezeni hayo masinia karibu, na wewe Raya acha kuyapanga magamba kama sahani za shughuli, yatatupwa hayo. Umeniuliza mbona kombe hawafanani, huyu ana mistari, huyu ana madoa, huyu kama kamwagiwa chai. Swali zuri. Lakini ukiuliza swali zuri ukae usikilize, usinikatize kila mara, "kisha ikawaje, bibi, kisha ikawaje." Hadithi hii yenyewe imejaa vurugu, na nikikatizwa hata mimi napotea humohumo. Niliisikia kwa mama yangu tukiopoa nyama za kombe kama hivi, naye kuna mahali akifika alikuwa anakuna kichwa.

Basi kulikuwa na wakati ambapo kombe wote walikuwa weupe, weupe pe, hakuna mwenye alama hata moja. Wala hawakuishi chini ya mchanga. Walikaa juu, mbele za watu, kwenye ule mchanga laini ulio kati ya mikoko na miamba. Kila mmoja alikuwa na magamba yake mawili, moja la kulalia na moja la kujifunikia, na hayakuwa yameungana kama mnavyoyaona. Yalikuwa kama chungu na kifuniko chake. Kombe akitaka kutoka alitoka, akitaka kurudi alirudi. Walijuana kwa sura na kwa sauti, kwa hiyo hakuna aliyeona haja ya kutia alama kwenye gamba.

Tena walikuwa watu wa adabu zao. Kombe akienda kwa mwenzake hakuingia na magamba. Aliyavua mlangoni, akaliweka la chini chini na la juu juu, akapiga hodi, akaingia hivyohivyo, kama sisi tunavyoingia miguu mitupu. Akitoka aliyakuta palepale alipoyaacha. Hakuna aliyewahi kuchukua ya mwenzake, maana kila mtu alijua alipoyaweka. Hapo mtazame vizuri. Magamba yenyewe hawakuyajua, walichokijua ni mahali tu, na miaka nenda miaka rudi hakuna aliyeliwazia jambo hilo.

Sasa palikuwa na kombe mmoja mdogo wa umbo, jina lake Mize. Mize alikuwa amejifungua mtoto wa kike, Kidawa, kadogo kama chembe ya mchele, na alikuwa bado hajatimiza arubaini. Mnajua wenyewe, mzazi aliye kwenye arubaini hatoki, na mtoto hatolewi kwenye macho ya watu. Aliyekuwa akimlea uzazini ni shangazi yake, Bi Mwanatumu. Huyo Bi Mwanatumu alikuwa mwanamke mkali, mdomo wake haukuwa na breki, na mapenzi yake yote yalitoka kwa njia ya kugomba.

Katika siku hizohizo, mdogo wake Mize, Subira, akawa anaolewa. Walikuwa wawili tu, mama yao alishatangulia mbele ya haki. Mize akamwomba shangazi yake amruhusu aende japo kwa muda mfupi.

"Thubutu!" akasema Bi Mwanatumu. "Utoke na mtoto wa juzi, akatiwe jicho na watu usiowajua? Tulia ndani. Chakula utaletewa."

Akajipamba, akaenda zake harusini. Mize akatulia, kweli alitulia kidogo. Kisha vigelegele vikaanza. Akasikia ngoma, akasikia watu wanamwimbia Subira, na yeye dada mtu yuko ndani kama mwizi. Roho ikamuuma, ikamuuma, mpaka akashindwa. Akambembeleza Kidawa akalala, akamfunika vizuri ndani ya magamba yake, akaondoka naye polepole. Alijiambia kwamba atachungulia tu, amwone mdogo wake usoni, arudi kabla shangazi hajajua. Mnacheka? Nani kati yenu hajawahi kujiambia hivyo?

Alipofika mlangoni akakwama. Magamba ni ya kuvuliwa, ndiyo adabu, na mtoto amelala humo ndani. Akiingia naye mkononi, Bi Mwanatumu atamwona kabla hajafika katikati ya ukumbi. Basi akafanya hivi. Aliyavua magamba yake taratibu, akamwacha Kidawa amelala kwenye lile la chini, akamfunika kwa lile la juu, akayaweka kulia mwa mlango chini ya kichaka cha mwani. Akaingia peke yake, akajibanza nyuma kabisa. Hakumwambia mtu yeyote kwamba mle mna mtoto.

Mlangoni pale aliwekwa Kaa kupokea wageni. Mtu safi Kaa, hapendi kuona kitu kimekaa ovyo. Akatazama magamba ya wageni, haya huku, yale kule, mengine yamebebana, akaona aibu. Harusi kubwa namna ile, wageni wa mbali watasema nini? Akaanza kuyapanga. Aliyaburura yote, kila gamba na jozi yake, akayaweka mstari mmoja, akaona hautoshi, akaweka wa pili, kisha akabadili mawazo akayageuza yote yaelekee baharini. Alipomaliza akarudi nyuma, akayatazama, akafurahi sana na kazi yake. Mistari ilikuwa imenyooka kabisa, na hakuna gamba hata moja lililobaki pale mwenyewe alipoliacha.

Mle ndani nako mambo yakachelewa. Mashangazi wa bibi harusi walizuia mlango wa chumba, kama ilivyo desturi, bwana harusi asiingie mpaka awaridhishe. Na bwana harusi alikuwa mbishi. Wakabishana, wakacheka, wakaanza kubishana upya. Mize kila akitaka kutoka anasema, bado kidogo, Subira hajaletwa. Na ile ilikuwa siku ya bamvua. Maji ya bamvua mnayajua, yakikupwa yanakwenda mbali kabisa, mpaka unaona miamba ambayo siku nyingine huioni. Na hayaagi mtu. Wote walikuwa wamegeukia chumba cha bibi harusi, hakuna aliyeangalia nje.

"Jamani, maji!" Kaa akapiga ukelele.

Wakageuka. Maji yalikuwa yamebaki ya kulowesha tu, jua limeshawafikia migongoni, na kule kwenye mikoko yangeyange, wale ndege weupe wenye midomo mirefu, wameanza kushuka mmoja mmoja, wamenyoosha shingo. Kombe bila magamba mbele ya yangeyange, mnaelewa maana yake. Wote wakatoka kwa pamoja, kila mmoja akakimbilia pale alipoacha magamba yake, na pale hapakuwa na kitu.

Hapo ndipo dunia ilipochanganyika. "Hili langu!" "Lako vipi, mimi yangu niliyaweka karibu na jiwe!" "Jiwe lipi?" "Lilikuwa hapa!" "Sasa mbona wewe uko kule?" Kila aliyeuliza aliulizwa. Bwana harusi akajitia kwenye magamba ya kitoto, nusu ya mwili ikabaki nje. Bibi mmoja mzee akajikuta na magamba mawili ya chini, hana la juu, anazunguka anauliza watu kama wamemwonea kifuniko chake. Mume akamvuta mkewe, kumbe si mkewe. Magamba yalipinduliwa, yakakanyagwa, mengine yakazama mchangani, na yote meupe, yote sawa, ungesema nini? Mwisho mtu akachukua lililokuwa karibu, akajifunika, akaanza kuchimba kwenda chini. Aliyeanza kuchimba sijui ni nani. Mama yangu alisema ni bwana harusi, mimi sidhani, yule hakuwa na akili hiyo. Lakini mmoja alipoingia chini ya mchanga wote wakamfuata.

Mize alikuwa nyuma kabisa, akatoka wa mwisho. Akaenda moja kwa moja kulia mwa mlango, kwenye kichaka cha mwani. Mwani upo, magamba hayapo. Akadhani amekosea upande, akaenda kushoto. Akarudi kulia. Akaingia ndani akatoka upya, ili aone labda akitoka upya atakumbuka vizuri.

"Kaa," akasema, "magamba yangu yako wapi?"

"Nimeyapanga."

"Umeyapanga wapi?"

"Hapa, kwenye mstari."

"Mstari uko wapi?"

Kaa akatazama. Hapakuwa na mstari, palikuwa na mchanga uliovurugwa tu. "Ulikuwa hapa," akasema. "Au hapa. Dada, mimi niliyapanga vizuri, wallahi."

"Kaa, mle ndani mna mwanangu!"

Kaa macho yakamtoka, na hayajarudi mpaka leo. Akaanza kukimbia, hajui aende mbele au nyuma, akaishia kwenda upande. Hakuwa na msaada wowote.

Basi Mize akabaki peke yake juu ya mchanga, mwili mtupu, jua linamchoma, na yangeyange wanakaribia kwa zile hatua zao za madaha. Angeweza kujifukia. Hakujifukia. Alikwenda pale palipoonekana mchanga umetoka kuchimbwa, akagonga kwa mwili wake wote. "Hodi! Nani yumo? Mna mtoto humo?"

Kimya. Wa chini alisikia kishindo tu, akadhani ni mdomo wa yangeyange, akazidi kujibana. Mize akagonga pengine. Kimya. Akagonga pa tatu, hapo hata sauti ya kunong'ona hakusikia. Akasimama katikati ya mchanga ule wote akalia kwa sauti, hakujali tena nani anamsikia.

"Ni mimi Mize! Nimekuja harusini arubaini haijaisha, nikamwacha mwanangu mlangoni kwenye magamba. Nimekosa! Kesho mtanisema mpaka mchoke. Leo nipeni mwanangu!"

"Si nilikwambia?" ikatoka sauti chini ya mchanga. "Mize! Si nilikwambia?"

Bi Mwanatumu huyo. Amefukiwa, yumo kwenye magamba ya mtu asiyemjua, na bado anagomba. Kisha akapaza sauti wote wasikie.

"Sikilizeni nyote mliomo humu. Asifungue mtu, ndege wapo juu. Lakini Mize akigonga, asiye na mtoto ateme maji nje. Akiyaona atajua hapo hayumo, atapita, hatapoteza muda kuchimba."

"Maji gani?" mmoja akauliza.

"Hayo uliyonayo mdomoni."

"Bi Mwanatumu, haya ndiyo ya kutufikisha mpaka bahari irudi!"

"Nayajua ni ya nini. Tema."

Mize akagonga juu ya shangazi yake kwanza. Fyaa, maji yakaruka. "Hayumo," ikasema sauti. "Pita, mwanangu, usisimame." Mize akapita, akagonga pengine, fyaa. Akagonga mbele yake, fyaa. Tena na tena, na kila palipogongwa palijibu. Alikwenda mbio kuliko alivyowahi kwenda maishani mwake.

Lakini maji yakiruka kwenye mchanga mkavu yanaonekana mbali, na yangeyange si vipofu. Mmoja alikwenda palepale maji ya kwanza yaliporuka, akadidimiza mdomo wake, akauchomoa. Mize aligeuka akamwona anainua shingo na kumeza. Alitaka kurudi. Angerudi kufanya nini? Akasimama hajui ashike lipi, na mbele yake, bila hata kugonga, mtu akatema maji. "Na huku hayumo, Mize. Njoo huku." Kisha mwingine. Kisha mwingine.

Hapa ndipo mama yangu alipokuwa akikuna kichwa. Walimsikia Bi Mwanatumu anachukuliwa, maana chini ya mchanga kishindo husikika mbali. Walijua ni yale maji ndiyo yaliyomtoa. Wakaendelea kujibu. Nilimuuliza mama, "Kwa nini?" Akasema hajui, na yeye alimuuliza mama yake naye hakujua. Nimeishi miaka yote hii na mimi sijui. Wengine wenu mnajifanya mnajua, haya, mtaniambia baadaye.

Mize akafika karibu na mwisho wa mchanga, pale watu walipokanyagana sana. Akagonga. Kimya. Akagonga tena. Kimya vilevile. Kimya kile kingeweza kuwa kitu chochote. Labda ni gamba tupu. Labda ni mtu aliyekwisha kauka. Labda ni mtoto, na amekwisha kauka pia. Aliogopa kuchimba na aliogopa kutochimba, na yangeyange alikuwa amefika nyuma yake kiasi kwamba kivuli chake kilimfunika.

Akachimba. Akakuta magamba mawili yamefunikana, yamesukumwa chini na vishindo vya watu. Nani aliyekuwa ameyachukua akayaacha, au kama hayakuchukuliwa na mtu, hilo halijajulikana. Akainua la juu. Kidawa yumo, yuko macho, ananyonya ukingo wa gamba. Alikuwa amesikia mama yake anagonga tangu mwanzo. Hakuwa amejua bado namna ya kujibu.

Mize akajitupa humo ndani na mtoto wake, akavuta gamba la juu, akayakamata yote mawili kwa nyuma kwa nguvu zote alizobakiwa nazo, akazama. Mdomo wa yangeyange uligonga gamba mara kadhaa kisha ukaondoka. Alikaa vile, amekumbatia, analia kimyakimya ili asimtishe mtoto, mpaka bahari iliporudi na kuwafunika.

Maji yaliporudi wakatoka kuhesabu nani yupo nani hayupo, na kurudishiana magamba. Hilo la magamba liliwashinda. Huyu anasema lako hili, yule anasema silo, langu lilikuwa jepesi. Wazee wakakaa kikao, kikao kikazaa ugomvi, mwisho wakakubaliana kila mtu abaki na alichonacho, na tangu hapo hakuna aliye na uhakika kama gamba lake ni la babu yake au la jirani. Subira aliolewa, ndiyo, ingawa kwa muda mrefu hakuwa na hakika kama aliyemwoa ndiye aliyeposa.

Mize alipotaka kuachia yale magamba akaona hayaachii. Pale alipoyakamata pameshikana, nyama imekuwa ukano mgumu kama kamba, na yeye hakuomba paachie. Wenzake wakamwona, nao wakafunga ya kwao kwa nyuma vilevile, mzee na kijana. Kisha, Kidawa alipopata magamba yake mwenyewe, Mize akachukua rangi ya mwani, akamchorea Kidawa mistari mgongoni pa gamba lake, mistari ambayo yeye mwenyewe angeitambua hata gizani. Jirani akamwiga, akamchorea wake madoa. Mwingine akatia zambarau pembeni. Mwingine alikuwa mvivu, akamwaga tu, huyo ndiye, Raya, unayesema kamwagiwa chai. Walikatazana jambo moja tu, kurudia alama ya mtoto wa mwenzio. Basi jibu lako hilo.

Arubaini iliyobaki Mize aliimaliza ndani, kama alivyotakiwa. Hakukuwa na wa kumgombeza. Wanasema hilo ndilo lililomuumiza kuliko jua la siku ile.

Na tangu siku hiyo kombe anakaa chini ya mchanga, hatoki, haendi harusini, na havui magamba yake mpaka afe. Lakini sikio lake liko juu. Sisi tunakwenda na ndoo zetu na visu vyetu maji yakishakupwa, tunagonga mchanga kwa kisigino, na yeye huko chini anasikia mtu anagonga. Hajui kama ni Mize au ni mimi. Anatema maji yake, anasema hayumo, pita mbele, na sisi tunachimba palepale maji yaliporuka. Hao wote mnaowaona kwenye masinia walijibu.

Nikigonga mahali pakawa kimya, sichimbi, hata kama ndoo yangu haina kitu. Mama yangu hakuchimba, wala mama yake. Nanyanyua kisigino changu taratibu, napita pembeni. Huenda ni mtoto, na mama yake yuko njiani.